Kifua hakigawanywi kwa nne

SWALI: Shikamoo dada fundi. Mimi ni mwalimu, naishi Morogoro, nina miaka 34 na watoto wawili. Mdogo wangu ana sendofu miezi miwili ijayo. Kamati imeshachagua kitenge cha sare, kina maduara makubwa, na wenzangu wote wanashona mabega wazi, korseti na sketi ya samaki. Kifua changu ni inchi 46, chini ya matiti 38, kiuno 37, nyonga 47. Sidiria navaa 44C. Kila gauni ninaloshonewa linabana kifuani, linapwaya mabegani na mgongoni, na pindo la mbele linapanda. Mwaka jana zipu iliachia nikiwa ukumbini. Fundi anasema tatizo ni kifua changu, nivae dera tu, na mawifi wanasema hivyo hivyo. Je, kuna mshono unaonifaa? Na fundi nimwambie nini?

JIBU: Marahaba, mdogo wangu. Gauni kubana kifuani, kupwaya mgongoni na kupanda mbele unaweza kudhani ni matatizo matatu. Ni kosa moja tu la mkasi. Nalijua vizuri kwa sababu nami nililifanya kwa miaka yangu sita ya mwanzo kwenye cherehani, mpaka mama mmoja mteja wangu alipovua gauni nililomshonea la harusi ya mwanawe, akaliweka mezani na kuniambia kwa upole, "Mwanangu, umenipima, lakini hukuniangalia." Nilifumua gauni lile usiku kucha.

Tuanze na hesabu ya fundi wako. Anakupima kifua, anapata 46. Kisha anafanya kile tulichofundishwa wengi wetu, anagawa kwa nne. Anapata 11 na nusu, anaongeza nusu inchi ya kupumulia, anaweka alama ya 12 kwenye nusu ya kipande cha mbele na 12 kwenye nusu ya kipande cha nyuma. Kwa mwanamke ambaye mbele na nyuma yake vinakaribiana, nguo itakaa. Lakini inchi zako 46 hazikuzunguka mwili sawasawa. Mwombe mtu akupime mgongo peke yake, kutoka mstari wa ubavu mmoja chini ya kwapa hadi ubavu wa pili. Kwa vipimo ulivyonipa, natarajia mkute kama inchi 20. Basi mbele zimebaki 26. Nusu ya mbele ilitakiwa ipewe 13 na nusu, na nusu ya nyuma 10 na nusu, nafasi ya kupumulia ikiwa ndani. Wewe umepewa 12 kwa 12. Kwa hiyo mbele umepungukiwa inchi 3 nzima, na inchi 3 hizo hizo zimetupwa mgongoni, ambako hazina kazi.

Ndiyo maana zipu iliachia. Kitambaa cha mbele kilikuwa kinavuta mishono ya ubavuni ije mbele, ubavu ukavuta mgongo, na zipu ikabaki peke yake kushindana na mvuto huo wakati unakaa, unainuka, unanyanyua mikono kupiga vigelegele. Na mabega yanapwaya kwa sababu fundi amekata mabega na makwapa ya mtu wa 46 akamvalisha mtu ambaye mabega yake ni ya saizi ndogo kuliko hapo. Ukitazama kwenye kioo, mshono wa ubavuni haushuki wima. Umepinda kuelekea mbele. Nenda kautazame kwenye gauni lolote ulilonalo, utauona.

Pindo la mbele nalo lina sababu yake. Wewe unakaa chini ya Uluguru, hili utalielewa haraka: njia inayopanda mlima na kushuka upande wa pili ni ndefu kuliko njia ya bondeni. Kitambaa kinachotoka begani, kikapita juu ya titi na kushuka kiunoni, kinahitaji urefu zaidi kuliko kile cha mgongoni. Kwa mwanamke mwenye kifua kama chako usishangae tofauti ikifika inchi 3. Kisipopewa urefu huo, kitambaa kinaukopa kutoka chini, pindo linapanda na mstari wa kiuno unapanda nao, unakuja kukaa kwenye mbavu.

Usidhani kosa hili ni la mafundi wa mitaani peke yao. Pateni za karatasi za Simplicity, Butterick na McCall's, ambazo wanawake wa Marekani na Ulaya wamezishonea kwa vizazi kadhaa, kwa kawaida zimechorwa kwa kikombe cha B, yaani tofauti ya inchi 2 hivi kati ya kifua cha juu, pale makwapani, na kifua kamili. Mwenye tofauti ya inchi 5 akinunua kwa kipimo cha kifua kamili, atapata mabega ya mtu mwingine. Dunia nzima imekatiwa nguo kwa kifua cha wastani, halafu asiyeenea anaambiwa yeye ndiye kasoro. Naomba hilo uliondoe kichwani kabla hatujagusa kitambaa.

Sasa sidiria, na hapa nitakaa kidogo, kwa sababu ukikosea hapa kazi yote ya fundi itaharibika.

Unavaa 44C na chini ya matiti una 38. Ile namba ni mkanda, na mkanda ndio unaobeba sehemu kubwa ya uzito. Kamba za mabegani kazi yake ni kushikilia vikombe vikae mahali pake. Mkanda ukizidi mbavu zako kwa inchi 6 hauwezi kubeba chochote. Unapanda mgongoni kama upinde, mbele matiti yanashuka, na uzito wote unaning'inia kwenye kamba. Nina hakika una michirizi mabegani, na jioni ukitoka darasani shingo inauma. Herufi nayo peke yake haina maana. C ya 44 si sawa na C ya 34, kwa sababu kikombe kinakua pamoja na mkanda. Ukishusha mkanda kwa inchi 2, unapanda herufi moja ili kikombe kibaki na ujazo ule ule. Kwa hiyo 44C ni sawa na 42D, ni sawa na 40DD, ni sawa na 38E. Kwa hesabu ya Uingereza, kila inchi ya tofauti kati ya chini ya matiti na kifua kamili ni kikombe kimoja: A, B, C, D, DD, E, F, FF. Kwako 46 kutoa 38 ni 8. Saizi yako ya kuanzia kujaribu ni 38FF. Maana yake umekuwa ukivaa mkanda mkubwa mno na kikombe kidogo kwa hatua mbili, kwa wakati mmoja. Matiti yamefurika juu ya kikombe na pembeni karibu na kwapa, na fundi akija na futikamba anapima huo mfuriko.

Madukani soma lebo kwa makini. Mkanda ulioandikwa 38 Uingereza unaandikwa 85 katika nchi nyingi za Ulaya, na 100 kwa zile za Ufaransa. Zile za Marekani hubadili herufi baada ya DD, hivyo kikombe chako mara nyingi utakikuta kimeandikwa H. Ukikosa 38FF, tafuta 40F, ujazo wake ni huo huo, kisha fundi aupunguze mkanda kidogo kidogo pande zote mbili kwa usawa. Ukiwa mpya uufunge kwenye ndoano za mwisho kabisa, za kulegea, ili utakapovutika uwe na mahali pa kukazia. Vidole viwili vipite chini yake, ngumi isipite. Waya ukae kwenye mbavu, usilalie titi. Ukiivaa, inama mbele, ingiza mkono upande wa kwapa na ulivute titi lote liingie ndani ya kikombe, ndipo uinuke. Na tafadhali usinunue sidiria za mtumba kwa sababu ni za bei nafuu. Nguo za ndani za mitumba TBS wamezikataza kwa sababu za afya, na hata ukiacha afya, lastiki iliyochoka kwa mtu mwingine haiwezi kukubeba wewe.

Sidiria ikikaa, matiti yanapanda inchi moja hata mbili, na kati ya kifua na kiuno panaonekana nafasi ambayo hukujua unayo. Wanawake wengine wamelia mbele ya kioo changu kwa jambo hilo tu, kabla sijakata hata kipande. Ndiyo maana nakwambia sidiria kwanza, vipimo baadaye, na siku ya sherehe uvae ile ile uliyopimiwa.

Ukishaipata, nenda kwa fundi na umwombe vipimo hivi, hata kama hajazoea. Kifua cha juu, futikamba ikipita makwapani juu ya matiti. Kifua kamili. Chini ya matiti. Kutoka bega pale linapoungana na shingo hadi chuchu. Kutoka chuchu hadi chuchu. Mgongo peke yake, kama nilivyokueleza. Kisha urefu kutoka bega kupita juu ya titi hadi kiunoni, na urefu wa mgongo kutoka bega lile lile hadi kiunoni. Vipimo viwili vya mwisho ndivyo mafundi wanaviruka kuliko vyote, na ndivyo vitakavyoshusha pindo lako la mbele. Simama kawaida, usivute pumzi ndani, na funga uzi au lastiki nyembamba kiunoni ili kiuno kisihame kila anapopima.

Ukifika kwenye kukata, mwambie fundi maneno haya: "Mabega, shingo na kwapa kata kwa kifua cha juu, mbele nifungulie." Fundi mzoefu ataelewa hapo hapo. Asipoelewa, mwelekeze hivi. Achore kwanza kipande cha mbele kwenye karatasi kwa kipimo cha kifua cha juu, aweke alama mahali chuchu ilipo. Akate karatasi kutoka kiunoni hadi kwenye ile alama, aendelee kuelekea kwapa bila kuikata iachane kabisa, kisha akate tena kutoka ubavuni kuja kwenye alama. Avute vipande viachane mpaka upana unaokosekana upatikane. Ataona mwenyewe: karatasi inapofunguka kwa upana inafunguka na kwa urefu, na pengo linalobaki ubavuni ndiyo dati yake, ule mkunjo unaoshonwa kukipa kitambaa umbo la titi. Dati inazaliwa na mwili wako, fundi haipachiki kama pambo. Kifua chako kikubwa kitaleta dati pana, na dati moja pana huacha ncha inayochongoka kama kofia. Aigawe mbili, ama, na hili ndilo ninalolipenda zaidi kwa mwili wako, aibadilishe iwe mshono wa prinsesi, ule unaotoka kwenye kwapa, ukapita karibu na chuchu na kushuka hadi kiunoni. Pale kitambaa kinakatwa kwa mviringo wa mwili kabisa. Akibaki na dati, isifike kwenye chuchu yenyewe, iishie inchi moja na nusu au mbili kabla.

Ukiona fundi anakasirika kwa maelezo haya, usigombane naye. Mnunulie yadi mbili za merikani, kile kitambaa cheupe cha pamba ambacho bibi zetu walikipa jina hilo kwa sababu kilikuja Zanzibar na meli za Marekani, na mwombe akate blauzi ya majaribio kwanza. Gharama yake ni ndogo na haiumi ikiharibika. Kitenge cha sare kikishakatwa vibaya, wiki mbili kabla ya sendofu hukipati tena Kariakoo wala Morogoro mjini, maana kila aliyekinunua amekinunua kwa ajili ya shughuli kama yako.

Sasa mshono wenyewe. Picha unazoletewa kwenye simu zinakudanganya bila kukusudia. Tangu Mustafa Hassanali alipoanzisha Swahili Fashion Week hapa Dar es Salaam mwaka 2008 nimejifunza mengi kwa kutazama kazi za wabunifu wetu, lakini nguo ya jukwaani hukatwa kwa msichana anayeweza kuivaa bila sidiria. Na hii korseti iliyotufikia hasa kupitia magauni ya harusi za Nigeria hushonwa vizuri pale ambapo fundi anajenga kikombe kwa mwili wa mteja mmoja. Huku kwetu wengi wananunua vikombe vya tayari, vya saizi ndogo, na kuvibandika ndani. Kwako vikombe vile vitakaa katikati ya titi kama vifuniko, na titi litafurika pande zote.

Kwa hiyo ushauri wangu ni kwamba sketi ya samaki uishone bila wasiwasi. Nyonga 47 na kiuno 37 ni mwili ambao mshono huo ulizaliwa kwa ajili yake, na utakusaidia kifua kipate mwenzake huku chini. Juu, badala ya mabega wazi, shona bodi ya prinsesi yenye shingo ya V au ya moyo, mabega mapana ya inchi mbili na nusu hadi tatu, mapana kiasi cha kuficha kamba ya sidiria. Mikono iishie kwenye kiwiko au chini yake. Mkono unaoishia usawa wa chuchu unachora mstari mmoja kutoka mkono hadi mkono, na jicho la mtu linasimama hapo hapo. Mara nyingi sare ni kitambaa, mshono kila mtu anachagua wake. Mwulize mwenyekiti wa kamati, nadhani hatakukatalia.

Kama moyo wako uko kwenye mabega wazi, sikukatazi. Lakini nguo hiyo haitakiwi kubebwa na matiti, inatakiwa ibebwe na kiuno. Fundi ashone ndani, kwenye mstari wa kiuno, utepe mgumu wa upana wa inchi moja unaofungwa kwa ndoano kabla ya zipu kupandishwa. Utepe huo ndio utakaoshika uzito, na zipu itabaki na kazi ya kufunga tu. Kwenye mishono ya bodi aingize mifupa ya plastiki, vile vijiti vyembamba vya kuisimamisha, ndani aweke bitana ya pamba nzito, na kwenye kitenge abandike gamu nyepesi, kile kitambaa kinachoshikishwa kwa pasi, ili kisikunjamane. Mikono inayoshuka begani ishonwe na kamba nyembamba za ndani zinazopanda juu ya bega, za rangi ya ngozi yako au za kitenge kile kile. Fundi asiyejua kazi hii usimjaribishie sendofu ya mdogo wako. Na korseti isikazwe mpaka titi lipande shingoni. Utakaa kwenye kiti, utacheza, utakula, utanyanyua zawadi, na shughuli zetu zinakwenda mpaka usiku wa manane. Nguo usiyoweza kupumulia itakunyima furaha ya siku ya mdogo wako, na mimi hilo linaniuma kuliko mshono wowote uliokosewa.

Yale maduara ya kitenge ni jambo la kushughulikia mapema. Watu watakwambia mwenye kifua asivae maua makubwa. Si kweli, chapa kubwa kwenye mwili mkubwa inapendeza, na ile ndogo ndogo mara nyingi inapotea. Kinachoharibu ni mahali inapoangukia. Nimeona gauni zuri, limeshonwa kwa ustadi, na duara moja limekaa sawasawa juu ya kila titi. Mwenye gauni hakuelewa kwa nini watu wanamtazama hivyo siku nzima. Kabla ya kukata, simama mbele ya kioo, jitandaze kitenge kifuani bila kukikata, kisogeze juu, chini na pembeni mpaka chuchu ziangukie kwenye sehemu iliyotulia ya chapa, na uweke alama kwa chaki. Duara moja likae katikati, chini ya shingo ya V au kiunoni. Kufanya hivyo kunakula kitambaa, na kipande cha mbele kilichofunguliwa kinakula zaidi, hivyo usikubali mgao wa yadi 3 au 4. Omba yadi 6 nzima, na ulipe ziada mwenyewe ikibidi. Kiloweke kwenye maji usiku mmoja, ukikaushe na kukipiga pasi kabla ya kukipeleka kwa fundi. Pamba hurudi, na wewe huna inchi ya kupoteza.

Umesema kuhusu dera. Nalipenda dera, na mwili wetu wa Pwani unalijua vizuri kwenye joto. Ila mtu asikupe dera kama adhabu. Na hata dera lina namna yake kwa mwenye kifua, kwa sababu kitambaa kinaning'inia kutoka kwenye ncha ya titi na kushuka wima, ukionekana kama hema kutoka hapo hadi chini. Pitisha kamba au utepe kwa ndani, chini tu ya matiti, ushikilie kitambaa upande wa mgongo na kuliacha la mbele lielee. Baibui la wazi ni rahisi zaidi, liache mbele lishuke mistari miwili wima, na ndani uvae nguo ya rangi moja.

Nguo za kazini sitazirefusha. Blauzi ya vifungo ndiyo adui wa wengi wetu, inaachia pengo katikati ya kifua darasani mbele ya wanafunzi. Dawa yake ni kuweka kifungo kimoja usawa kabisa wa chuchu, halafu vingine vipangwe kutoka hapo kwenda juu na chini, na kati ya vifungo vya kifuani apige kibanio kidogo cha ndani. Ama achana nayo, uvae gauni la kufungia ubavuni, lile la kukunja upande mmoja juu ya mwingine ambalo Diane von Furstenberg alilitoa mwaka 1974 na mpaka leo halijatoka kwenye mitindo. Linajirekebisha kulingana na mwili siku hiyo ulivyo. Kwa kifua chako liwe na kibanio mahali pande mbili zinapokutana, na upande wa juu ukatwe mrefu kiasi cha kufika ubavuni. Likiwa fupi litafunguka ukiinama kusahihisha madaftari. Mkufu mrefu uache, utaning'inia hewani mbali na tumbo. Wa kuishia ndani ya V unatosha. Mkoba wa kamba ya kukatiza kifuani uvae begani siku za sherehe.

Jambo moja zaidi, ingawa hukuniuliza. Kwa joto letu, chini ya matiti hubaki unyevu, na ngozi hapo huweza kuwa nyekundu, kuwasha, hata kutoa harufu. Sidiria mpya inayoinua titi itasaidia, na kukausha pale kwa taulo safi kila unapooga, na kuvaa pamba. Ikiendelea usiipake kila unachoshauriwa na jirani, nenda kituo cha afya, mara nyingi ni fangasi na dawa yake ipo. Ukiona uvimbe au ngozi ya titi imebadilika, usisubiri sendofu ipite.

Miezi miwili inatosha, lakini usilale. Wiki hii sidiria. Wiki ijayo vipimo na blauzi ya merikani. Wiki ya tatu kitenge kikatwe, na ujaribu kabla mishono haijapigwa mashine, ikiwa imeshikizwa kwa uzi wa mkono. Siku hiyo uende na sidiria yenyewe na viatu vyenyewe. Usisimame tu mbele ya kioo. Kaa kwenye kiti cha fundi, nyanyua mikono yote miwili, inama kama unayeokota kitu, cheza kidogo hata kama dukani kuna watu. Tazama mshono wa ubavuni kama umeshuka wima. Ukiwa umepinda mbele bado inakosekana nafasi, na ni wakati wa kusema. Mwambie fundi aache akiba ya inchi nzima kwenye ubavu wa kila upande, asiikate baada ya kushona, kwa sababu matiti yanajaa siku chache kabla ya hedhi, na huwezi kujua tarehe ya sendofu itaangukia wapi.